Aliyesimama Nyuma ya "Ar-Risala"

Familia nyingi za Kiislamu zimekaa pamoja kuitazama sinema ya "Ar-Risala". Tunamkumbuka Hamza, tunamkumbuka Bilal. Ni wachache wanaomkumbuka mtayarishaji na mwongozaji wake, Moustapha Akkad.

Alizaliwa Aleppo, Syria, mwaka 1930. Alipoondoka kwenda Marekani kusomea sinema, baba yake alimpa dola 200 na Msahafu.

Kazi ya mtayarishaji ni kutafuta fedha, vibali, mahali na watu, kisha kuubeba mzigo mambo yanapoharibika. Nayo yaliharibika. Kazi ikiwa imekwisha kuanza Morocco, kibali kiliondolewa. Akkad akahamishia kila kitu Libya na kuimalizia huko. Tena aliitengeneza mara mbili: Hamza wa Kiarabu ni Abdullah Gaith, wa Kiingereza ni Anthony Quinn. Kwa heshima, sura na sauti ya Mtume (S.A.W.) havikuwekwa kabisa.

Sinema ilitoka mwaka 1976. Machi 1977, watu wenye silaha waliteka raia mjini Washington, wakidai isionyeshwe. Akkad hakukata tamaa. Mwaka 1981 akatoa sinema ya Omar Mukhtar, shujaa wa Libya.

Novemba 2005, mabomu yalilipuliwa katika hoteli za Amman, Jordan. Binti yake aliuawa, naye akafariki siku mbili baadaye. Aliyeutumia umri wake kuueleza Uislamu kwa walimwengu aliuawa na waliodai kuupigania.

Mtakapoitazama tena, wazazi, watajieni watoto jina lake.