Duara la Viziwi

Ukitazama soka la Kimarekani kwenye televisheni, utaona wachezaji 11 wakikusanyika kabla ya shambulio, wakiinamisha vichwa na kubanana mabega, kisha wakitawanyika kila mmoja kwenye nafasi yake. Mtu hudhani wamesogeleana ili wamsikie vizuri kiongozi wao. Kumbe, kama historia ya mchezo huu inavyosimuliwa, waliolizoesha duara hilo hawakuwa wakisikia chochote.

Walikuwa wanafunzi wa chuo kidogo cha viziwi jijini Washington, ambacho Rais Abraham Lincoln alitia saini sheria ya kukiruhusu kutoa digrii mwaka 1864. Leo kinaitwa Chuo Kikuu cha Gallaudet. (Wasiojali michezo huenda wanakifahamu kwa sababu ya Andrew Foster, Mmarekani Mweusi wa kwanza kuhitimu shahada pale, 1954. Ndiye aliyefungua shule nyingi za viziwi barani Afrika, akianzia Ghana, hadi ajali ya ndege ilipomuua nchini Rwanda mwaka 1987.) Soka lilianza chuoni hapo katika miaka ya 1880.

Miaka ya 1890 kwotabeki wao, yaani mchezaji anayepanga shambulio na kuwa wa kwanza kupokea mpira, alikuwa Paul Hubbard. Alitoa maagizo kwa mikono, mchana kweupe, na timu za wanaosikia zikabaki zimekodoa macho bila kuambulia kitu. Taabu ilikuja walipocheza na viziwi wenzao. Hao walisoma kila alama na kujua mpira unaelekea wapi kabla haujaguswa. Hubbard akawaita wenzake wamzunguke, migongo yao ikawa ukuta, naye akaongea kwa mikono katikati. Baadaye alikwenda kufundisha shule ya viziwi ya Kansas na kuanzisha timu huko. Wanaosikia nao wakaliona duara lina faida: makelele ya mashabiki hayakuwafunika tena, na mpinzani hakudaka neno.

Linabaki swali la mpira unaanzaje bila sauti. Kwa miaka mingi Gallaudet walipiga ngoma kubwa kando ya uwanja. Wachezaji walihisi mtetemo wake mwilini, wakaondoka kwa pigo walilokubaliana. Siku hizi macho hubaki kwenye mpira wenyewe, na hapo, kwa maoni yangu, wana nafuu ambayo makocha wengi hawaitaji. Kwotabeki anayesikia huanzisha mpira kwa kupaza sauti, na hupenda kuibadili ghafla ili mlinzi wa upande wa pili akurupuke kabla ya wakati na timu ya mlinzi huyo iadhibiwe yadi 5. Ujanja huo kwa kiziwi ni kazi bure.

Mwaka 2013 timu ya Gallaudet ilitwaa ubingwa wa ligi yake na kuingia kwa mara ya kwanza kwenye mtoano wa taifa wa daraja la tatu, daraja la vyuo visivyotoa ufadhili wa masomo kwa ajili ya michezo.

Halafu Oktoba 2023, dhidi ya Chuo cha Hilbert, kwotabeki wao alivaa kofia yenye kioo kidogo mbele ya jicho. Kocha aligusa tableti, na mpango wa shambulio ukajitokeza kwenye kioo hicho. Gallaudet walishinda 34 kwa 20. Agizo la kocha lilionwa na jicho moja tu, na safari hii hapakuhitajika migongo ya kulificha.