Je, Wajua? Rubani wa anga alipita juu ya Unguja kabla ya futari

Tarehe 20 Februari 1962, katikati ya mwezi wa Ramadhani, rubani wa anga wa Marekani, John Glenn, alipita juu ya Unguja ndani ya chombo cha anga cha Friendship 7. Saa kumi na mbili za jioni zilikuwa zimeshapita na Mji Mkongwe unasubiri adhana ya magharibi. Huko Tunguu, kituo cha NASA kilizungumza naye kwa redio na daktari akafuatilia mapigo ya moyo wake. Muda mfupi baadaye, juu ya Bahari ya Hindi, Glenn akalitazama jua likizama.

Wamarekani waliitazama safari hiyo kwenye televisheni. Unguja, iliyokuwa na mitambo yenyewe, haikuwa na hata kituo kimoja cha televisheni! Kituo cha Tunguu kilifungwa mwaka 1964, baada ya Mapinduzi ya Zanzibar. Televisheni ya Zanzibar ilikuja miaka ya 1970, tena ya rangi, wakati Tanzania Bara ilisubiri hadi miaka ya 1990. Filamu za safari ile zinaonyeshwa mpaka leo. Tunguu hutajwa kwa nadra.