Nyongeza ya Gemu: Kuinunua ni Kazi Moja, Kuianza ni Nyingine

Nyongeza ya gemu ni sehemu mpya inayotolewa baada ya gemu yenyewe kuingia sokoni: kipande kipya cha ramani, misheni, silaha, magari au wahusika. Wachezaji huiita DLC. Katika gemu za ulimwengu huria, zile ambazo mchezaji huzurura atakako badala ya kusukumwa hatua kwa hatua, nyongeza ina usumbufu wake. Mtu huilipia, huipakua usiku kucha, huiona imeorodheshwa kwenye mashine, kisha akaingia kwenye gemu asikute kitu. Wengi hudhani wametapeliwa au faili limeharibika. Aghalabu hakuna kilichoharibika. Mlango wa sehemu hiyo uko ndani ya hadithi, na mchezaji hajaufikia.

Biashara hii ilipata jina kwa kichekesho. Aprili 2006 kampuni ya Bethesda iliuza deraya ya farasi kwa ajili ya gemu ya Oblivion, kwa dola 2.50. Ilikuwa pambo tu, bila misheni yoyote ya maana, na wachezaji waliizomea kwa miaka. Lakini ilinunuliwa, na kampuni zikapata somo. Mwaka 2009 Rockstar ilitoa nyongeza mbili za Grand Theft Auto IV, yaani The Lost and Damned na The Ballad of Gay Tony, kila moja ikiwa na mhusika wake mkuu na hadithi yake ndani ya mji uleule. Hizo zilikuwa rahisi kuanza kuliko nyingi zilizofuata: mchezaji alizichagua kwenye menyu, basi. Hakutakiwa kuwa amemaliza chochote. Undead Nightmare ya Red Dead Redemption, iliyotoka 2010, ilifuata njia hiyohiyo ya menyu.

Kabla ya hadithi kuna duka, na kwa mchezaji aliyeko Ifakara, Mang'ula au Mlimba, dukani ndiko mambo yanakoanza kukwama. Katika bonde la Kilombero, kama ilivyo katika miji mingi ya Tanzania, gemu huchezwa sana kwenye vibanda vinavyolipisha kwa muda au kwa mechi, na mfalme wa kibanda ni mpira wa miguu. Gemu ya ulimwengu huria inadai saa hamsini, mia, na sevu, yaani kumbukumbu ya pale mchezaji alipofikia, inayobaki ya mtu mmoja. Hiyo ni ya mashine ya nyumbani. Mwenye mashine hiyo anategemea bando la simu, na nyongeza kubwa haina huruma kwa bando: Shadow of the Erdtree ya Elden Ring peke yake ni zaidi ya gigabaiti 15. Ndiyo maana upakuaji mwingi hufanywa kwa bando la usiku, huku mtu akiomba umeme usikatike. Kituo cha umeme wa maji cha Kidatu, kilichopo kwenye barabara ya kwenda Ifakara, kina uwezo wa kuzalisha megawati 204, ila umeme wake huingia gridi ya taifa, na ujirani na bwawa haumpi mchezaji wa Ifakara upendeleo wowote. Uzuri ni kwamba mashine za sasa huendelea na upakuaji pale ulipoishia. Kinachoweza kuharibika umeme ukikatika ni sevu iliyokuwa inaandikwa wakati huohuo.

Mtego mkubwa zaidi ni wa kanda. Duka la mtandaoni la PlayStation halina tawi la Tanzania, kwa hiyo mchezaji wa Kitanzania hufungua akaunti ya nchi nyingine: Afrika Kusini, Uingereza au Marekani. Hapo ndipo fedha za watu wengi zimepotelea. Nyongeza iliyonunuliwa kwa akaunti ya Marekani haitambuliwi na diski iliyotengenezwa kwa soko la Ulaya, hata kama jina la gemu ni moja na picha ya jalada ni ileile. Mashine husema nyongeza ipo, gemu husema haipo, na zote mbili zinasema kweli. Dawa ni kutazama jalada la diski kabla ya kununua. Lenye alama ya PEGI, ile namba ya umri ndani ya kisanduku cha rangi, ni la soko la Ulaya. Lenye herufi za ESRB, kwa mfano M au T, ni la Marekani. Akaunti ya Afrika Kusini kwa kawaida huendana na diski za Ulaya. Anayecheza kwenye kompyuta kupitia duka la mtandaoni la Steam hana shida hii, kwa sababu gemu na nyongeza hukaa katika akaunti moja, na Tanzania imo katika orodha ya nchi zinazohudumiwa; bei huonyeshwa kwa dola, na malipo hufanyika kwa kadi, zikiwemo kadi za mtandaoni zinazounganishwa na pesa za simu.

Wapo wanaokwepa yote haya kwa kununua toleo kamili, na kwa mtu wa mikoani uamuzi huo ni wa busara. Skyrim Special Edition ya 2016 imebeba nyongeza zote tatu za gemu hiyo ndani ya diski, na toleo kamili la The Witcher 3 la mwaka huohuo lilikuja na nyongeza zake zote mbili. Tahadhari ni kwa diski za mkono wa pili. Matoleo mengine hayana nyongeza ndani ya diski. Yana kikaratasi chenye namba ya siri ya kutumiwa mara moja tu, na mwenye diski wa kwanza huwa ameshaitumia. Muuzaji anaweza hata asijue.

Nyongeza ikishaingia, gemu yenyewe lazima iwe ya toleo linaloitambua. Sasisho lisilopakuliwa ni sababu ya kawaida sana ya nyongeza kutoonekana, hasa kwa wanaocheza kwa diski bila kuunganisha intaneti. Aina ya mashine nayo ina lake. Cyberpunk 2077 ilitoka Desemba 2020 kwa mashine mpya na za zamani, lakini nyongeza yake Phantom Liberty, ya Septemba 2023, haikutengenezwa kwa PlayStation 4 wala Xbox One. Hakuna sasisho litakalobadilisha hilo.

Baada ya vikwazo hivyo vya nje ndipo unakuja mlango wenyewe. Watengenezaji wa gemu za ulimwengu huria wana shida ya kweli hapa: hawajui mnunuzi wa nyongeza yuko wapi katika hadithi. Mmoja ameimaliza mara tatu, mwingine ameanza jana. Wakiiweka nyongeza wazi kwa kila mtu, mgeni atauawa na adui wa kwanza. Wakiifunga mno, aliyelipa atalalamika. Kila kampuni imejibu kwa namna yake, na majibu hayo yanatofautiana kwa hekima.

Bethesda, katika Skyrim, ilichagua kumfuata mchezaji alipo. Kwa nyongeza ya Dawnguard, mhusika akifika leveli ya 10, walinzi wa miji huanza kuzungumzia wawindaji wa mumiani, na Orc aitwaye Durak humjia barabarani na kumwalika Fort Dawnguard, ngome iliyo karibu na mji wa Riften. Asiyetaka kusubiri anaweza kwenda mwenyewe na kuzungumza na Isran, mkuu wa ngome hiyo. Nyongeza ya Dragonborn huanza kwa fujo zaidi: watu waliovaa vinyago humvamia mchezaji, na katika maiti zao hupatikana barua inayotaja meli iitwayo Northern Maiden. Meli hiyo iko bandari ya Windhelm, na nahodha wake humvusha mtu hadi kisiwa cha Solstheim. Hapa pia njia ya mkato ipo, maana anayejua anakokwenda anaweza kufika bandarini bila kungoja kuvamiwa. Kwa mtazamo wa mchezaji hii ndiyo njia bora kuliko zote. Mlango unamtafuta, na bado haufungwi kwa aliyeuona mapema.

The Witcher 3 imeweka milango yake kwenye mbao za matangazo. Hearts of Stone, ya Oktoba 2015, imependekezwa kwa leveli ya 32. Blood and Wine, ya Mei 2016, kwa leveli ya 34. Misheni ya kwanza ya kila moja hujiandika kwenye kitabu cha misheni, nacho huonyesha ubao wa kuendea. Anayepuuza kitabu hicho, na wanaokipuuza ni wengi, anaweza kuzunguka eneo la Velen wiki nzima bila kujua kwamba wapiganaji wapanda farasi kutoka nchi ya Toussaint wanamtafuta. CD Projekt, kampuni iliyoitengeneza, iliongeza pia njia ya menyu: mchezaji anaweza kuanza nyongeza moja kwa moja na mhusika mkuu, Geralt, aliyekwisha kuandaliwa, mwenye leveli na silaha zinazotosha. Phantom Liberty, kazi ya kampuni hiyohiyo, ina njia mbili vilevile. Kwenye hadithi, mchezaji humaliza shughuli na kundi la Voodoo Boys, kisha simu inaingia kutoka kwa mtu asiyemjua na kumwelekeza eneo la Dogtown. Kwenye menyu, huruka yote hayo.

Upande wa pili wa mizani iko Elden Ring. Shadow of the Erdtree ilitoka tarehe 21 Juni 2024 kwa dola 39.99, na wapo waliolipa bila kujua sharti lake: lazima mchezaji awe amewashinda maadui wakubwa wawili, Starscourge Radahn na Mohg. Radahn hukutwa na wengi wanaofuata hadithi. Mohg hayuko njiani kabisa. Anaishi katika kasri lililo chini ya ardhi, na kulifikia kunahitaji ama kutafuta lango lililofichwa katika nyika ya theluji karibu na mwisho wa gemu, ama kukamilisha kazi za mtu aitwaye Varré, ambazo ni njia ya mapema zaidi. Wote wawili wakishaanguka, mchezaji hurudi pale alipomshinda Mohg, huzungumza na mhusika aitwaye Leda, kisha hugusa mkono uliokauka unaoning'inia kwenye kifuko. Hakuna menyu, hakuna simu, hakuna barua. Wapenzi wa gemu hiyo huona fahari katika ukali huo. Kwa mtu aliyekusanya fedha za bando kwa mwezi mzima, ni haki kuuita ukali usio na adabu.

Nintendo ilikuwa na msimamo wa katikati. Sehemu kuu ya The Champions' Ballad, ya Desemba 2017, hufunguka tu baada ya kuwakomboa wanyama wanne wa chuma katika Breath of the Wild, lakini gemu humwambia mchezaji waziwazi arudi kwenye pango alikozindukia mwanzoni. Sharti ni zito, maelekezo ni mepesi.

Jambo moja husahaulika katika mjadala huu: sevu. Gemu nyingi zina misheni ambayo baada yake hakuna kurudi nyuma. Fallout 3 ya 2008 ilikuwa ikiisha kabisa hadithi ikiisha, hadi nyongeza ya Broken Steel ya mwaka uliofuata iliporuhusu maisha baada ya tamati. Anayepanga kucheza nyongeza afanye sevu ya pembeni kabla ya misheni ya mwisho, na asiandike juu yake.

Gemu za mtandaoni tupu ni ulimwengu mwingine. Grand Theft Auto V haikupata nyongeza ya hadithi hata moja. Kila kitu kilielekezwa kwenye GTA Online, ambako sehemu mpya ni za bure lakini mlango ni fedha za ndani ya gemu. Uvamizi wa Cayo Perico, wa Desemba 2020, huanza katika klabu ya usiku iliyo chini ya kasino, ambako mchezaji hukutana na Miguel Madrazo, kisha hulazimika kununua nyambizi iitwayo Kosatka kwa dola za gemu milioni 2.2. Intaneti lazima iwe hewani muda wote. Kwa bando la megabaiti chache hilo halifai hata kujaribiwa.

Kwa vijana wengi wa bondeni, hata hivyo, mashine ya gemu ni simu ya mkononi, na nyongeza wanayoijua hasa haitoki kwa kampuni. Bus Simulator Indonesia, iliyotolewa na kampuni ya Maleo mwaka 2017, huruhusu mchezaji kuingiza mabasi yaliyoundwa na watu wengine na kuyapaka rangi anazotaka. Watundu wa Tanzania na Kenya wameitumia fursa hiyo kutengeneza mabasi yenye rangi za kampuni za kwao. Barabara zinabaki za Indonesia, lakini huko nako magari hupita kushoto, hivyo dereva wa simuni hapati ugeni. Mtu anayeijua njia ya Dar es Salaam, Morogoro, Mikumi na Kidatu hadi Ifakara kwa kuisafiri anaweza kuendesha basi la njia hiyo kuelekea Jakarta.

Hapa pia kupakua si kuanza. Rangi ya basi ni picha tu, na huchaguliwa ndani ya gereji ya gemu. Basi lenyewe ni faili la aina ya pekee ambalo lazima liwekwe pale gemu inapolitafuta, na kama limekuja limefungwa pamoja na mengine, lifunguliwe kwanza. Faili lililotengenezwa kwa toleo moja la gemu linaweza kukataa katika toleo lingine, kwa hiyo anayesasisha gemu ajiandae kupoteza baadhi ya mabasi yake. Tangu Android 11 ya mwaka 2020, simu pia huzuia programu za kawaida za mafaili kuingia katika baadhi ya makabrasha ya programu nyingine, na maelekezo ya zamani ya kunakili faili kwa mkono hayafanyi kazi kila mahali.

Mabasi haya hupitishwa bure kati ya wachezaji, na baadhi hufungwa kwa neno la siri linalotolewa na mtengenezaji wake. Anayedai pesa nyingi kwa faili la namna hiyo, au anayetaka mtu asakinishe programu nyingine kwanza ndipo alipate, asipewe pesa wala simu.