Mbegu ya Viazi Yataka Mwanga, Siyo Jua

Leo tuzungumzie mbegu za viazi mviringo. Pengine umeziweka ndani ya gunia, gizani. Siku ya kupanda ukifungua, lo! Machipukizi marefu, meupe, membamba. Ukiyagusa tu yanakatika. Mbegu imechoka kabla ya kufika shambani.

Je, uzianike juani? La hasha! Jua kali litazichoma. Zinataka mwanga uliotawanyika. Huo ni mwanga ule ule wa jua, ila umegonga kwanza mawingu, ukuta au ardhi, ukasambaa kila upande. Ndio ulioko barazani mchana. Mpiga picha naye hukuketisha hapo ili uso usiwe na vivuli vizito.

Basi jenga kichanja chini ya paa. Pande ziwe wazi hewa ipite, lakini jua na mvua visiingie. Tandaza viazi tabaka mbili au tatu tu. Kisha nyosha mkono juu yake: ukiweza kuhesabu vidole kwenye kivuli, jua limeingia; kinga upande huo. Machipukizi yatakuwa mafupi, manene, yenye nguvu. Kagua kila wiki, utoe vilivyooza. Kituo cha Kimataifa cha Viazi, kilichoko Peru, kilieneza njia hii tangu miaka ya 1970.

Angalia sana: kiazi kilichogeuka kijani kina sumu, na kukichemsha hakuiondoi. Usikile, usiwape watoto wala mifugo. Hicho ni cha kupanda tu.

Kazi njema, ndugu mkulima.