Makamanda wa Gusii na Bei ya Ushujaa
Uongozi na Ushujaa: Sehemu ya Tatu

Katika sehemu mbili za kwanza tulimtazama Mkwawa wa Uhehe na Koitalel arap Samoei wa Nandi, watu ambao kila mtoto wa shule amewahi kusikia majina yao. Leo tunaingia Gusii, katika milima ya kaunti za Kisii na Nyamira, na hapa kazi inakuwa ngumu zaidi kwa sababu hapakuwa na jemadari mmoja wa Abagusii wote. Kitutu, Nyaribari, Bassi, Majoge, Wanjare, Mugirango Kusini na Mugirango Kaskazini, kila upande ulijitegemea, na pengine jirani ndiye aliyekuwa adui wa karibu kuliko wote. Kwa hiyo ukitaka kujifunza uongozi wa vita huku, lazima uwatafute watu ambao hawakuwa na cheo.

Chuo chao kilikuwa egesarate. Vijana wasiooa walihama nyumbani wakaenda kulala na ng'ombe katika kambi za malisho, mara nyingi upande ambao wavamizi wangetokea. Huko walikula pamoja, wakalinda kwa zamu, wakajua ni nani anayeamka wa kwanza mbwa wakibweka na ni nani anayejifanya hakusikia. Kiongozi hakuteuliwa. Wenzake walimfuata kwa sababu walikuwa wamekwisha kumwona. Serikali ya kikoloni ilizivunja kambi hizo miaka michache baada ya kuingia, na ilijua ilichokuwa ikivunja.

Matunda ya malezi hayo yalionekana Osaosao, karibu na mto Charachani, mwanzoni mwa miaka ya 1890. Wapiganaji wa Kipsigis waliingia kwa wingi kutafuta ng'ombe. Koo za Gusii zilizozoea kuzozana ziliweka kando ugomvi wao, zikawasubiri wavamizi mahali ambapo ardhi yenyewe ingepigana upande wao. Wakipsigis walipoteza vijana wengi kiasi kwamba msiba ule umebaki katika kumbukumbu zao mpaka leo. Naliona jambo la muungano kuwa kubwa kuliko ushindi wenyewe. Ushujaa ulikuwepo siku zote, na kilichoongezeka siku hiyo ni wazee waliokubali kukaa pamoja kabla ya vita, badala ya kulia pamoja baada yake.

Miaka kama 13 baadaye ushujaa huohuo ulikutana na kitu kipya. Mwaka 1905 kikosi cha polisi na askari wa KAR, jeshi la kikoloni la Waingereza, watu wapatao 100, kilitumwa Gusii kuwaadhibu watu waliokataa kuitii serikali mpya. Kilikuja na bunduki ya Maxim, ile ambayo askari waliiita bombom, yenye uwezo wa kutoa risasi kama 600 kwa dakika. Askari walijipanga mraba, bayoneti zikitazama nje. Wapiganaji wa Gusii wakawaendea mbio wakiwa na mikuki na ngao. Robert Foran, ofisa wa polisi aliyekuwemo, aliandika baadaye kwamba ile bunduki ilifyatuliwa mpaka chuma chake kikakaribia kuwa chekundu, na kwamba mamia ya wapiganaji walilala chini nje ya mraba, wafu na majeruhi wakiwa wamerundikana. Yeye mwenyewe, aliyekuwa upande wa washindi, aliona kwamba yale yalikuwa mauaji kuliko vita.

Turudi kidogo kwa Mkwawa. Pale Lugalo, Agosti 1891, watu wake waliwavamia Wajerumani wakiwa njiani, wamejipanga mstari mrefu, silaha zao nzito zikiwa bado zimefungwa migongoni mwa punda. Wahehe hawakuwa na moyo mgumu kuliko Abagusii. Walichokuwa nacho ni kamanda aliyeamua saa na mahali. Anayekimbilia bombom mchana kweupe akiwa na mkuki amekwisha kutoa kila anachoweza kutoa, na hakuna wa kumdai zaidi. Swali linabaki kwa yule aliyempeleka, na katika Gusii ya 1905 huenda hata hapakuwa na mmoja wa kuulizwa. Ushujaa wa watu wengi bila mtu wa kuuamuru usubiri huisha wote asubuhi moja.

Mwaka 1907 serikali ikajenga boma Getembe, pale ulipo mji wa Kisii leo, na Geoffry Northcote akaketi hapo kama mkuu wa wilaya. Ndipo anapotokea Moraa wa Ng'iti wa Kitutu, mwanamke mwenye sifa ya uganga na unabii. Simulizi za Gusii zinamkumbuka akiwakemea wanaume kwa kuvumilia kutawaliwa, akiwaambia kama wameogopa, basi waachie wanawake silaha. Januari 1908 kijana Otenyo, jamaa yake, alimchoma Northcote mkuki. Northcote alijeruhiwa, akapona, na miaka mingi baadaye akawa gavana wa Hong Kong.

Wako wanaosema Moraa alimtuma kijana kwenye kifo. Siwezi kukubaliana nao. Mwanamke yule aliona kodi, boma na ng'ombe wanaochukuliwa kuwa ni jambo moja, wakati wanaume wengi waliyaona kuwa mambo matatu ya kuvumiliwa moja moja. Kuona hivyo mapema ni kazi ya kamanda, na kusema hadharani ulichoona, huku wakubwa wamenyamaza, kunataka moyo. Hata hivyo mkuki mmoja ulirushwa bila mpango wa siku ya pili. Hakukuwa na makubaliano na Nyaribari wala Bassi, hakukuwa na mahali pa kuwaficha watoto na mifugo. Osaosao ilikuwa imesahauliwa ndani ya kizazi kimoja.

Siku ya pili ilikuja na KAR. Nyumba na maghala yalichomwa. Kufikia mwanzoni mwa Februari taarifa zilizopelekwa London zilitaja ng'ombe zaidi ya 5,000 waliokamatwa na watu 160 waliouawa, bila hasara ya maana upande wa askari. Winston Churchill, wakati huo naibu waziri wa makoloni, na hakuwa mtu mpole juu ya dola yake, alishtushwa na idadi hiyo akahoji ulazima wa kuendelea kuwaua watu wasio na kinga. Foran anasimulia kwamba Abagusii walikuwa wamejaribu kusalimu amri. Kwa hiyo somo la uongozi lipo upande wa pili pia, nalo ni baya: maofisa waliokuwa uwanjani, waliowaona watu wale kwa macho yao, walihitaji karipio kutoka London ili kujua kwamba vita vimekwisha. Otenyo alikamatwa, akauawa. Jamii yake inashikilia kwamba kichwa chake kilikatwa na kupelekwa Uingereza, na mpaka leo inadai kirudishwe kizikwe.

Vita vilivyofuata vilikuwa vya wageni watupu. Septemba 1914 Wajerumani walivuka mpaka kutoka upande wa ziwa, chini ya Kapteni Bock von Wülfingen, wakaukuta mji wa Kisii hauna mtetezi, wakaingia. Tarehe 12 Kapteni Thorneycroft wa KAR aliwashambulia. Walipigana mpaka giza. Thorneycroft alikufa akiwa mbele ya askari wake, na hilo nalitaja kwa heshima, maana wako makamanda wengi waliouawa na uzee. Usiku ule pande zote mbili zilirudi nyuma, na Wajerumani wakashika njia ya mpakani.

Mji ukabaki bila serikali. Wakazi wa vijiji vya karibu waliona Wazungu wamekwenda, wakaingia ofisini, madukani na katika misheni, wakabeba walichopata. Waingereza waliporudi waliwatoza ng'ombe. Kisha vita vilipopanuka wakaanza kuwachukua vijana wa Gusii kwa maelfu wakabebe risasi na chakula kuelekea kusini, kuwafuata Wajerumani wa kamanda von Lettow-Vorbeck. Hao hawakupewa silaha wala vyeo, na makamanda wa Kiingereza waliwategemea kwa kila mlo. Habari zao ndizo za sehemu ya nne, Jumapili ijayo.