Siasa za Mafuta (3): Mwenye Kisima na Mwenye Njia

Wiki iliyopita tuliishia Baghdad, Septemba 1960, pale Iran, Iraq, Kuwait, Saudi Arabia na Venezuela zilipounda OPEC baada ya kampuni kubwa za Magharibi kushusha bei ya mafuta ghafi bila kuwauliza wenye mali. Wengi huihesabu siku ile kuwa ndiyo siku wenye visima walipotwaa madaraka. Mimi sikubaliani nao. Katika biashara hii nguvu haikai kisimani. Hukaa kwa anayeshika njia: bahari zinakopita meli, mabomba, viwanda vya kusafishia, maghala na soko la mwisho. Asiyeshika hata kimoja kati ya hivyo hulipa bei aliyopangiwa, hata kama mafuta yanachimbwa kwake.

Iran ililijua hilo kwa machungu miaka tisa kabla ya mkutano wa Baghdad. Mwaka 1951 Bunge lake lilitaifisha mali za kampuni ya Anglo-Iranian, ambayo ndiyo BP ya leo, na Mohammad Mossadegh akawa waziri mkuu. Madai yake yalikuwa ya haki. Serikali ya Uingereza ilikuwa ikikusanya kodi nyingi zaidi kutoka kwenye kampuni ile kuliko mgawo uliokuwa ukilipwa Iran yenyewe, na vibarua wa Abadan waliishi katika vibanda kando ya kiwanda kikubwa kuliko vyote duniani cha kusafisha mafuta. Baada ya kutaifisha, Iran ilikuwa na visima, ilikuwa na kiwanda, ilikuwa na sheria. Haikuwa na meli.

Juni 1952 meli iitwayo Rose Mary ilikuwa safarini kutoka Iran na shehena ya mafuta iliyokuwa ikienda Italia. Kabla haijaingia Bahari ya Shamu, Waingereza waliilazimisha itie nanga Aden, koloni lao wakati huo. Kesi ikafunguliwa, na mahakama ya Aden ikaamua kwamba mafuta yale ni mali ya Anglo-Iranian, si ya Iran iliyoyachimba wala ya mnunuzi aliyeyalipia. Wenye meli wengi hawakuhitaji kuelezwa zaidi. Matangi ya Abadan yalijaa, hazina ya Tehran ikakauka, na Agosti 1953 Mossadegh akaangushwa katika mapinduzi yaliyosukwa na mashirika ya ujasusi ya Marekani na Uingereza. Mwaka uliofuata kampuni za nje zilirudi kwa sura ya ubia, na safari hii za Marekani zilipata asilimia 40. Nimelieleza tukio hili kwa kirefu kwa sababu viongozi wa Afrika waliokuja kutaifisha mali miaka ya 1960 na 1970 walimsifu sana Mossadegh, lakini wachache walichunguza ni kitu gani hasa kilichomwangusha.

Huku kwetu somo lilikuja kwa mlango mwingine. Novemba 1965 Ian Smith alipojitangazia uhuru wa Rhodesia, Zambia, iliyokuwa na mwaka mmoja tu tangu ijitawale, ilijikuta mafuta yake yote yanapita mikononi mwa adui. Shaba yake ilikuwa ikitafutwa dunia nzima, lakini migodi haiendeshwi kwa shaba. Mapipa yalirushwa kwa ndege, kisha malori yakaanza kuyabeba kutoka Dar es Salaam kwa barabara ya vumbi na matope ambayo madereva waliipa jina la Jehanamu. Mwaka 1968 bomba la TAZAMA likafunguliwa, kilomita 1,710 kutoka Dar es Salaam hadi Ndola. Lile bomba, kwa maoni yangu, ni moja ya maamuzi bora kabisa ya uchumi yaliyowahi kufanywa na nchi zetu mbili. Lilijengwa haraka, kwa hofu, na mpaka leo linapitisha mafuta.

Oktoba 1973 wenye visima walionekana kushinda. Nchi za Kiarabu zilipunguza uzalishaji na kuzinyima mafuta Marekani na nchi nyingine zilizoiunga mkono Israel vitani. Pipa lililokuwa likiuzwa takriban dola 3 likavuka dola 11 ilipofika Januari 1974. Silaha ile ilikata kwa sababu Marekani, iliyozoea kufungulia visima vyake kila soko linapoyumba, haikuwa tena na akiba ya uzalishaji. Uchimbaji wake ulikuwa umefika kilele mwaka 1970 na kuanza kushuka.

Lakini tazama kila upande ulivyojibu. Mataifa tajiri yaliunda Shirika la Kimataifa la Nishati mwaka 1974 na kukubaliana kwamba kila mwanachama anayeagiza mafuta aweke akiba ya siku 90. Walichimba Bahari ya Kaskazini na Alaska, wakatengeneza magari yanayokula mafuta kidogo, na katika uzalishaji wa umeme wakaanza kuyaacha. Tanzania haikuwa na uwezo huo. Bei ilipanda katika miaka ileile ya ukame wa 1973 na 1974, wakati fedha za kigeni zilipohitajika kununua mahindi na ngano. Kabla nchi haijapumua vizuri yakaja mapinduzi ya Iran ya 1979, pipa likavuka dola 30, na sisi ndio kwanza tumetoka katika vita vya Kagera. Waliokuwa watu wazima wakati ule wanakumbuka jinsi magari binafsi yalivyozuiwa kutembea Jumapili mchana, na viwanda vya nguo vilivyosimama kwa kukosa vipuri, dizeli au vyote viwili. Tumezoea kusimulia kuanguka kwa uchumi wa miaka ile kama kesi ya Ujamaa peke yake. Hesabu ya mafuta haistahili kuachwa nje ya kesi hiyo, maana pamba, katani na kahawa zilezile zilikuja kununua mapipa machache zaidi.

Sasa tuje kwenye mlango wenyewe. Kati ya Iran na rasi ya Musandam iliyo mali ya Oman kuna mlango bahari wa Hormuz, ambao penye wembamba zaidi una upana wa kilomita 33 hivi. Dunia hutumia takriban mapipa milioni 100 ya mafuta kwa siku. Katika hali ya kawaida, moja kati ya kila matano hupita hapo. Saudi Arabia ina bomba linalovuka nchi hadi Yanbu kwenye Bahari ya Shamu, na Falme za Kiarabu zina jingine linaloishia Fujairah, nje ya mlango. Yote mawili kwa pamoja hayawezi kubeba shehena yote ya Ghuba. Kuwait, Bahrain na Qatar hazina pa kupitia isipokuwa hapo. Ndiyo maana Januari 1980 Rais Carter wa Marekani alitangaza kwamba jaribio lolote la nguvu za nje kuitawala Ghuba lingejibiwa hata kwa jeshi. Na ndiyo maana Juni 2025, katika siku 12 ambazo Israel na Iran zilipigana, bei ya mafuta iliruka kwa hofu ya mlango kufungwa, ikaanguka mara tu ilipoonekana meli zinaendelea kupita. Hakuna kisima kilichokuwa kimekauka wala kipya kilichokuwa kimepatikana.

Msomaji wa Mbagala au Kisumu aliye mbali na Hormuz huunganishwa nayo kwa karatasi moja. Kila Jumatano ya kwanza ya mwezi EWURA, mdhibiti wa nishati na maji wa Tanzania, hutangaza bei kikomo za petroli, dizeli na mafuta ya taa. Kenya hufanya hivyo kila tarehe 14. Msingi wa bei ile ni bei ya mafuta yaliyokwisha kusafishwa inayonukuliwa katika soko la Ghuba. Juu yake huongezwa gharama za mwagizaji aliyeshinda zabuni, yaani nauli, bima na faida yake. Halafu tozo za bandari, kodi, na sehemu ya wauzaji wa jumla na wa rejareja. Yote hugeuzwa kuwa shilingi kwa thamani ya dola ya wakati ule. Kwa hiyo mwenye bodaboda anayejaza lita mbili sheli analipia mambo manne asiyoyamiliki: mafuta, usafishaji, meli na dola. Utaratibu wa uagizaji wa pamoja ambao Tanzania iliuanza zaidi ya miaka 10 iliyopita umesaidia, kwa kuwa meli kubwa moja inayoshusha dizeli kupitia boya la Mjimwema, Kigamboni, ni nafuu kuliko meli ndogo nyingi zinazosubiriana nangani. Umepunguza nauli. Haukutupa sauti juu ya bei yenyewe.

Hapo zamani tulikuwa na kiungo kimoja cha mnyororo. Kiwanda cha TIPER pale Kigamboni kilianza kusafisha mafuta ghafi mwaka 1966, na cha Changamwe, Mombasa, mwaka 1963. Cha kwanza kiliacha kazi hiyo miaka ya 1990 ikielekea ukingoni, cha pili mwaka 2013. Vyote vilikuwa vidogo na vikuukuu, na mafuta yaliyosafishwa India na Ghuba yalifika kwa bei ambayo havikuiweza. Siwalaumu waliovifunga. Nigeria ilivibakiza vyake vya serikali bila kuvitunza, na kwa miongo mingi nchi ile, miongoni mwa wachimbaji wakubwa kabisa wa Afrika, iliagiza petroli kutoka Ulaya. Mambo yalianza kubadilika kiwanda cha Dangote chenye uwezo wa mapipa 650,000 kwa siku kilipoanza kazi karibu na Lagos mwaka 2024.

Uganda iko katika njia panda hiyohiyo. Mafuta ya Ziwa Albert yalithibitishwa mwaka 2006. Uamuzi wa mwisho wa uwekezaji ulitoka Februari 2022. Miaka 16 ilipotea katika mabishano ya kodi, ya njia ya bomba, na ya kama kijengwe kwanza kiwanda au bomba. Mafuta yenyewe ni mazito kama nta, hugandana yakipoa, hivyo bomba la kilomita 1,443 kutoka Hoima hadi Chongoleani, Tanga, linalazimika kupashwa moto njia nzima. TotalEnergies ina asilimia 62 ya bomba hilo, Uganda na Tanzania asilimia 15 kila moja, kampuni ya Kichina CNOOC 8. Wanaharakati wamelipinga kwa sababu ya tabianchi na ya watu waliohamishwa, na malalamiko ya fidia zilizochelewa ni ya kweli na yanauma. Hoja inayonisumbua mimi zaidi ni ya umri. Mradi unaolipa madeni yake kwa miaka 20 unahitaji wanunuzi kwa miaka 20, na hakuna anayeweza kuapa kwamba watakuwepo kwa bei ileile.

Maana wanunuzi wanabadilika. Nchini China, karibu nusu ya magari mapya yaliyouzwa mwaka 2024 yalikuwa ya umeme au yenye betri ya kuchomeka. Norway, nchi inayoishi kwa kuuza mafuta, ilifikia karibu magari tisa katika kila kumi. Na Ethiopia, isiyo na utajiri wa Norway, ilizuia Januari 2024 uingizaji wa magari binafsi ya petroli na dizeli. Haikuwa kwa mapenzi ya mazingira. Addis Ababa ilikuwa ikitumia mabilioni ya dola kuagiza mafuta huku mito yake ikitoa umeme ambao hauhitaji dola wala Hormuz. Huo ndio uamuzi wa mafuta ninaoufuatilia kwa makini kuliko wote barani, pamoja na upungufu wake: mafundi wachache, sehemu za kuchajia chache, na umeme usiofika vijijini.

Tanzania inayo bwawa la Julius Nyerere la megawati 2,115 na gesi ya Songo Songo iliyogunduliwa mwaka 1974. Foleni za bajaji na teksi kwenye vituo vya gesi asilia Dar es Salaam zilionyesha kwamba wananchi walikwisha kufanya hesabu kabla ya wataalamu: dereva alikuwa tayari kupoteza saa nzima kwa sababu tofauti ya bei ilimrudishia. Kinachokosekana ni vituo, na vituo ni njia. Serikali inayotoa nafuu ya kodi kwenye petroli kila bei inapopanda, lakini inahesabu vituo vya gesi na vya kuchajia kama anasa ya mjini, inalipia mlango wa mwingine.

Lakini na betri nayo ina kisima chake na njia yake. Sehemu kubwa ya kobalti ya dunia, yapata asilimia 70, hutoka Kongo, hasa Lualaba katika Katanga ya zamani, kunakozungumzwa Kiswahili; sehemu kubwa ya usafishaji wake hufanyika China. Februari 2025 Kinshasa ilisimamisha usafirishaji wa kobalti nje ili kuinua bei iliyokuwa imeporomoka, na Oktoba mwaka huohuo ikahamia kwenye mgawo wa viwango. Hicho ndicho hasa OPEC ilichojaribu, isipokuwa safari hii nchi ni moja tu na kiwanda kiko ng'ambo. Wiki ijayo nitaanzia Kolwezi, makao makuu ya Lualaba.