Kibarua wa Miaka Saba: Sheria Yasemaje?



Katika miji yetu ya pwani si ajabu kumkuta mtu aliyefanya kazi mahali pamoja miaka sita au saba, na bado huitwa kibarua. Huamka alfajiri, husimama kwenye geti la ghala au kiwanda, husubiri jina lake lisomwe, na jioni hupokea ujira wa siku. Akiugua, siku hiyo hana kitu. Mwanamke akionekana ana mimba, jina lake huanza kurukwa. Na siku ya kuambiwa asirudi, haandikiwi hata barua. Juu ya ujira huo ndipo penye kodi ya nyumba, karo na chakula cha watoto. Kwa hiyo tumeona yapasa familia zetu zilijue jambo hili, kwani wengi hudhulumiwa kwa sababu hawakuijua haki yao.

Kibarua ni nani?

Sheria ya Ajira ya Kenya ya mwaka 2007 yamtambua kibarua kuwa ni mtu anayeajiriwa kwa muda usiozidi saa 24 kwa mara moja, na kulipwa kila mwisho wa siku. Basi jina hilo lina mpaka wake. Kifungu cha 37 chasema kwamba kibarua akifanya kazi mfululizo siku ambazo jumla yake yafikia mwezi mmoja, au akipewa kazi isiyotarajiwa kumalizika kabla ya miezi mitatu, mkataba wake wahesabiwa kuwa ni wa mwezi. Hapo haondolewi pasi na notisi ya maandishi ya siku 28. Siku ya mapumziko ya wiki na sikukuu za umma zilizoangukia katika muda huo nazo huhesabiwa.

Akitimiza miezi miwili mfululizo, astahiki haki ambazo angezipata lau asingeanza kama kibarua. Miongoni mwazo ni likizo ya siku 21 za kazi kila amalizapo mwaka, likizo ya ugonjwa yenye malipo, na likizo ya uzazi ya miezi mitatu kwa mshahara kamili kwa mama, na wiki mbili kwa baba. Tena sheria haikubali mimba iwe sababu ya kumfuta mwanamke kazi.

Lakini tusifahamu vibaya. Mkataba wa mwezi si ahadi ya kazi mpaka uzeeni. Waweza kuvunjwa, ila kwa sababu ya haki, na baada ya mfanyakazi kuelezwa sababu hiyo na kusikilizwa. Vilevile aliyetia saini mkataba wa muda maalumu, tuseme wa mwaka mmoja, hali yake ni nyingine. Mahakama kwa kawaida husema muda huo ukifika mwisho mkataba umekwisha, isipokuwa mwajiri mwenyewe, kwa kauli au mwenendo wake, alimpa mfanyakazi sababu ya haki ya kutarajia kuendelea. Basi soma kabla ya kutia saini.

Mafunzo ya dini

Katika fiqhi, kuajiriana kwaitwa ijara, na masharti yake ni kujulikana kazi, muda na malipo. Tazama kisa cha Nabii Musa (A.S.) na mzee wa Madyan katika Suratul Qasas. Walikubaliana miaka minane, na miwili ya kuongeza ikaachwa kwa hiari ya Musa. Wajibu ulitengwa na hiari, mwajiri akasema hataki kumtaabisha, na Mwenyezi Mungu akawekwa kuwa shahidi. Na aya ndefu kuliko zote katika Qur'ani yatuamrisha kuandika deni. Ujira wa aliyekwisha kufanya kazi, je, si deni?

La kufanya

Kwanza, weka ushahidi. Kadi ya geti, ujumbe wa malipo katika simu, karatasi za malipo, na majina ya wenzako walioshuhudia, vyote vina thamani. Mkataba wa miezi mitatu au zaidi wapaswa kuandikwa, na jukumu la kuuandika ni la mwajiri. Akishindwa kuuleta mbele ya hakimu, mzigo wa kuthibitisha masharti ni wake.

Pili, nendeni pamoja. Anayesimama peke yake ni rahisi kurukwa jina kesho yake. Chama cha wafanyakazi chaweza kuwasemea wengi.

Tatu, usichelewe. Aliyefutwa isivyo haki aweza kulalamika kwa afisa wa leba ndani ya miezi mitatu. Kesi katika Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, ambayo hukaa Mombasa pia, kwa kawaida hufunguliwa kabla ya miaka mitatu kupita. Mahakama hiyo ina uwezo wa kuyabadili masharti ya kibarua na kumtangaza kuwa mwajiriwa kwa mujibu wa sheria.

Na majumbani mwetu je?

Akina mama na akina baba, tusiwanyooshee kidole wenye viwanda peke yao. Yule binti anayetufulia, kutupikia na kutulelea watoto, naye ni mwajiriwa mbele ya sheria hiyo hiyo. Je, tumemwandikia mkataba? Ana siku ya mapumziko? Akiugua, twamtibu au twamrudisha kwao mikono mitupu? Haifai tuidai haki getini na kuizuia jikoni.

Mwenyezi Mungu atujaalie kuwa wenye kutimiza ahadi, awape wanyonge nguvu ya kudai haki zao kwa hekima, na azibariki riziki zetu. Amin.